Barua ya benki haitupwi kapuni

Wenzetu wa Dallas, Fort Worth na Houston, tuambizane ukweli. Katika Texas, ukishindwa kulipa mkopo wa nyumba, kwa kawaida benki haihitaji kukushitaki ndipo iiuze. Mamlaka hayo uliipa mwenyewe siku uliyosaini hati ya dhamana.

Kwa nyumba unayoishi, sheria inakupa siku zisizopungua 20 kulipa malimbikizo, kisha notisi ya mnada siku zisizopungua 21 kabla. Mnada hufanyika Jumanne ya kwanza ya mwezi, kati ya saa 4 asubuhi na saa 10 jioni. Barua ikishatumwa kwa anwani yako ya mwisho waliyo nayo, sheria inahesabu umeipata, hata kama ulihama bila kuwaarifu.

Baada ya mnada wa benki hakuna kuikomboa nyumba. Bei isipofikia deni, benki ina miaka 2 ya kukushitaki kwa kilichobaki, nawe unaweza kuiomba mahakama ipime thamani halisi ya nyumba. Gari nalo huweza kuchukuliwa usiku bila amri ya mahakama, mradi pasiwe na fujo.

Hatuilaumu benki, aliyekopesha ana haki ya kudai. Tunalaumu aibu yetu. Msiba ukitokea tunachangishana mara moja, lakini deni tunalificha mpaka nyumba inanadiwa. Fungua barua, piga simu benki, muone mwanasheria. Siku 20 zinahesabika haraka.