Mwenye nyumba akifa, kesi haizikwi pamoja naye

Mwenye nyumba amemshitaki mpangaji wake kwenye tribinali. Anadai kodi ya miezi 8. Mpangaji anajibu kwamba alitengeneza paa kwa pesa zake mwenyewe. Kesi inaahirishwa mara mbili, mara tatu, kisha mwenye nyumba anafariki. Wiki moja baada ya matanga, mtoto wa kwanza anabisha hodi akitaka kodi. Kesho yake anakuja ndugu wa marehemu, naye anataka kodi hiyo hiyo. Mwisho wa mwezi mjane anatuma ujumbe: asipewe mtu mwingine hata franka moja.

Iwe Bunia, Butembo, Uvira au Kindu, mambo ya namna hii si mageni. Na mtaani utasikia watu wakisema: "Kesi imekwisha, aliyeshitaki amekufa." Si kweli, na kosa hilo linaumiza pande zote mbili.

Sheria yetu ya mikataba, ambayo msingi wake ni dekreti ya mwaka 1888, haivunji mkataba wa kupanga kwa sababu mwenye nyumba au mpangaji amekufa. Haki na madeni vinapita kwa warithi. Kesi inasimama kwa muda tu, mpaka warithi washike nafasi ya marehemu. Avoka wanaita hatua hiyo "reprise d'instance". Hata avoka wa marehemu lazima apewe kazi upya na warithi, kwa sababu aliyemtuma hayupo tena.

Swali gumu ni hili: nani anashika nafasi hiyo? Kodi ya Familia ya mwaka 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inaweka watoto katika kundi la kwanza, pamoja na wale waliozaliwa nje ya ndoa ambao mzazi aliwatambua akingali hai. Mjane, wazazi na ndugu za marehemu wako katika kundi la pili. Kama hakuna wasia, mrithi mwenye umri mkubwa ndiye likidateri, yaani msimamizi wa urithi. Akikataa, warithi wanachagua mwingine. Huyo ndiye anasimama mbele ya jaji kwa jina la wote, si yule aliyewahi kufika mlangoni.

Familia nyingi zinakwepa njia hii. Makaratasi yanaomba pesa, na vita vimetawanya watu: mtoto mmoja yuko Kampala, mwingine Kisangani. Ninaelewa. Lakini kukwepa kunagharimu zaidi. Mpangaji aliyemlipa mtu asiye na haki anaweza kudaiwa mara ya pili. Na warithi wasiojitokeza wanaacha deni lao lilale miaka.

Wenye nyumba wananiambia: wapangaji wengine wanatumia kifo ili wakae bure. Ni kweli, na ni vibaya. Mpangaji mwenye akili anaweka kodi pembeni kila mwezi, anaandikia familia barua, na anatunza nakala. Vilevile, hakuna mrithi mwenye haki ya kung'oa mlango wakati kesi iko mbele ya jaji. Na kama aliyekufa ni mpangaji, mjane wake asitolewe nje na watoto kabla hata matanga hayajaisha. Kodi inayodaiwa ni deni la urithi. Garanti aliyotoa marehemu, ambayo sheria ya tarehe 31 Desemba 2015 inaizuia kupita miezi 3 kwa nyumba ya kuishi, nayo ni haki ya warithi wake. Vyote viwili vihesabiwe pamoja.

Ninaomba majaji wafanye jambo moja rahisi. Kifo kikitangazwa katika kikao, waulize hapo hapo: cheti cha kifo kiko wapi, warithi ni nani, wanaishi wapi? Kisha watoe tarehe ya karibu. Warithi wasipokuja, upande wa pili uelezwe kwamba unaweza kuwaita kwa karatasi ya mahakama. Leo mtu asiye na avoka hajui hilo, naye anarudi nyumbani akidhani yote yamekwisha.

Na sisi wakaaji, tukikutana kugawa kazi za matanga, tuongeze swali moja: marehemu alikuwa na kesi gani, na nani ataenda kumsemea?