Kawawa Alikuwa Mchekeshaji, Acheni Kuficha

Rashidi Mfaume Kawawa alifariki Desemba 31, 2009, na tangu hapo nimesoma kumbukizi zake mpaka nimechoka. Waziri Mkuu, ndiyo. Makamu wa Rais, ndiyo. Simba wa Vita, sawa. Halafu katikati, kama mtu anayepenyeza siri ya familia, mwandishi anasema "ujanani aliwahi kuigiza filamu". Nukta. Aya inayofuata ni TANU.

Aliwahi! Utadhani aliwahi kuugua surua.

Huyu ndiye nyota wa Muhogo Mchungu, filamu ya Kiswahili ya mwanzoni mwa miaka ya 1950, kisha Chalo Amerudi. Alikuwa mtumishi wa ustawi wa jamii, na kazi yake mbele ya kamera ilikuwa kuchekesha: mshamba kaingia mjini. Leo ukitaja Muhogo Mchungu, watu wanadhani unamsema msanii mmoja mkongwe wa maigizo ya televisheni.

Najua nitajibiwa nini. Eti zile zilikuwa propaganda za mkoloni, zimetengenezwa na kampuni ya Afrika Kusini ili Mwafrika aogope mji. Kwa kiasi kikubwa ni kweli. Ndiyo sababu ya kuzitazama, siyo ya kuzifukia. Sisi wa Kigoma muhogo mchungu hatuutupi. Tunauloweka, tunauanika, tunasaga kivunde, jioni ni ugali na migebuka.

Tena mimi naandika nikiwa Kidahwe, nina sababu ya kinyumbani. Kawawa aliteuliwa Waziri Mkuu mwaka 1972, na mwaka huohuo ikaja Operesheni Kigoma. Watu walihamishwa kupelekwa vijiji vya ujamaa; wazee bado wanakuonyesha mahame yao kwa kidole. Fikiria basi: mtu aliyejifunza kumwigiza mshamba, anavyosita, anavyokubali haraka asichokielewa, anavyomtazama mwenye mamlaka, ndiye baadaye yuko kwenye kiti cha serikali inayowaamulia washamba wa kweli pa kulala. Alikumbuka nini kutoka kwenye ule mchezo? Mwandishi wa wasifu anayeruka swali hilo ameruka nusu ya mtu, na nusu yenyewe ndiyo tamu.

Lakini kwetu uchekeshaji ni uhuni. Mzee Small tulimlilia wiki moja mwaka 2014, King Majuto wiki moja mwaka 2018, basi. Sasa kiongozi akiwa na historia hiyo tunaona haya kwa niaba yake.

Mwaka huohuo wa 2014, makumbusho ya sanaa za kisasa ya New York ilionyesha mikanda ya filamu bubu ya Bert Williams, mchekeshaji mweusi, iliyopigwa mwaka 1913 na kuachwa stoo bila kukamilishwa. Haina sauti, haina hata mwisho. Bado waliipanga, wakamrudishia jina lake. Ya kwetu inaongea Kiswahili, na anayeongea alikuja kuwa Waziri Mkuu!

Televisheni ya taifa iiweke Muhogo Mchungu baada ya taarifa ya habari ya saa mbili. Na ikifika kwenye banda la video hapa barabara ya Kasulu, viingilio vya wazee waliohamishwa 1972 nalipa mimi, wakae mbele. Nataka kusikia wanacheka wapi, na wapi wananyamaza.