Gereji Yetu: Namba Mpya Haifufui Basi

Swali tulilolipata zaidi mwezi huu ni hili: mbona lile basi la rangi za Dar limekuwa bubu ndani ya Euro Truck Simulator 2?

Mchezo huu wa SCS Software ya Prague ulitoka mwaka 2012, na mpaka leo unapata matoleo mapya. Modi nyingi hazipati. Aliyeitengeneza alikuwa mwanafunzi kama sisi, kisha akapata kazi, akaiacha. Toleo la 1.37 la mwaka 2020 lilileta mfumo mwingine wa sauti, FMOD. Modi ya kabla ya hapo inaita sauti kwa njia ya zamani, ndiyo maana injini hainguruma.

Wengine hufungua faili la manifest.sii, wakaandika namba ya toleo jipya. Onyo linaondoka, basi linabaki bubu. Hapa Al Quoz tunakokutana, gereji zimepangana mtaa kwa mtaa. Mwambie fundi yeyote apake rangi gari lililokufa injini uone atakavyokucheka.

Anza na game.log.txt, lililo kwenye folda ya mchezo ndani ya Documents. Washa modi hiyo peke yake, endesha kidogo, zima, kisha soma mistari yenye neno ERROR. Mara nyingi itakutajia faili lililokosekana au mstari usioeleweka. Tengeneza nakala ya modi, rekebisha kosa moja, jaribu tena. Kwa sauti, njia rahisi ni kulielekeza basi kwenye sauti ya lori lililomo tayari mchezoni.

Tukirekebisha, tunaacha maelezo ya Kiswahili baada ya alama ya #: hapa klachi, hapa ekseli, hapa tela. Wengi wetu tuna Kiswahili cha salamu na chakula tu. Haya maneno tumeyapata kwa kuwauliza wajomba wanaoendesha malori.

La mwisho, na hili hatulilegezi: modi iliyofungwa na mwenyewe tusiivunje, na tuliyoitengeneza tusiisambaze kabla ya kumwomba ruhusa. Asipojibu, tutaiendesha wenyewe tu. Basi ni lake. Sisi ni mafundi.

Mwezi ujao: vioo vya pembeni vilivyogeuka vyeusi. Leteni logi zenu.