Aliyekufuta Kazi Asikae Kusikiza Rufaa Yako



Umepigwa kalamu. Barua imesainiwa na meneja, na mwisho wake inasema una haki ya kukata rufaa. Unakata. Siku ya kusikizwa unafungua mlango na kumbe aliyeketi kiti cha katikati ni yule yule meneja. Hiyo si rufaa. Ni ile barua ya kwanza inasomwa mara ya pili. Wazee walisema: kesi ya nyani, hakimu ngedere.

Hapa Kapsokwony jambo hili ni zito kwa sababu mji ni mdogo na tunajuana. Shuleni, kiwandani kwa kahawa, hospitalini, hukosi shemeji, jirani au mtu wa ukoo kwenye kamati. Kujuana si kosa. Kosa ni mtu kujua ana maslahi kwenye kesi, anyamaze, halafu aamue.

Sheria iko upande wako, lakini lazima uijue. Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 41, inasema kabla ya kufutwa kwa utovu wa nidhamu usikizwe, ukiwa na mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama uliyemchagua mwenyewe. Kifungu cha 45 kinaitaka mahakama iangalie pia vile rufaa yako ilishughulikiwa. Kwa hivyo rufaa ya kuigiza inaweza kumgharimu mwajiri: fidia inafika hadi mshahara wa miezi 12.

Kwa wafanyakazi wa kaunti, Katiba imepeleka rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, nje ya mikono ya kaunti iliyokufuta. Na mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa ilisema upitie huko kwanza kabla ya kwenda kortini. Usiruke hatua hiyo.

Utaambiwa, "Lakini huyo bosi ni mwadilifu, hawezi kuonea mtu." Labda ni kweli. Huko Sussex, Uingereza, mwaka 1923, karani wa korti aliingia chumbani na mahakimu walipoenda kuamua kesi ya ajali ya barabarani. Kampuni yake ya mawakili ilikuwa inamdai fidia mshtakiwa huyo huyo. Karani hakusema neno lolote. Hata hivyo, hukumu ilifutwa. Haki haitoshi kutendeka, lazima ionekane imetendeka.

Basi ufanye nini? Kabla ya kikao, uliza kwa maandishi ni akina nani watakaosikiza. Ukiona jina lenye shida, andika pingamizi: ni nani, ana uhusiano gani na kesi, na unaomba nani mwingine akae. Weka nakala. Wakikataa, sema tena mwanzo wa kikao na udai iandikwe kwenye kumbukumbu, halafu endelea kujitetea. Ukinyamaza ukitumaini utashinda, kisha ulalamike baada ya kushindwa, utaambiwa ulikubali.

Sasa tuambiane ukweli. Je, kama aliye kwenye kamati ni mjomba wako? Hapo wengi wetu hatuandiki pingamizi, tunatabasamu. Lakini kipimo ni kile kile. Ushindi wa mjomba unaweza kupinduliwa kesho, na kijana mwingine asiye na mjomba anaona mlango umefungwa. Mwambie mjomba ajiondoe. Hatuwezi kulilia haki mchana na kutafuta mtu wa ndani usiku.

Mwisho, usikae na barua nyumbani. Malalamiko kwa afisa wa leba yapelekwe ndani ya miezi 3 tangu kufutwa. Kesi ya ajira kortini ina kikomo cha miaka 3, na Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi inakaa hapa Bungoma mjini, si lazima uende Nairobi.

Mtumie ujumbe huu rafiki aliye na barua mfukoni.