Waliomwona kuku

Kaa na watu wa filamu wa Dar es Salaam nusu saa tu, utaisikia: "Mbongo hapendi dokumentari. Mpe mapenzi, mpe ngumi, mpe Simba na Yanga, basi." Inatamkwa kama matokeo ya sensa. Walio mezani wanatikisa vichwa kukubali, kisha mazungumzo yanahamia kwenye mfadhili yupi wa Ulaya amefungua dirisha la maombi mwezi huu. Nimeisikia kwenye semina, nimeisikia ndani ya basi la Morogoro, nimeisikia hata kwa mwalimu mmoja pale Kilosa mjini ambaye kwake televisheni haizimwi mpaka watoto walale.

Ni uongo. Sisemi wanaousema ni waongo. Nasema ni uongo unaowafaa, maana ukishaamini kwamba mtazamaji hayupo, umejipa ruhusa ya kutomfuata.

Msimu mmoja wa mvua basi lilituharibikia nikalala Mikumi, pale mjini penye njia panda ya kwenda Kidatu na Ifakara. Wiki hiyo ligi zilikuwa zimesimama kupisha timu za taifa. Nikaingia kibanda umiza kujikinga na mvua: mabati, mabenchi yasiyo na mgongo, turubai jeusi dirishani, mia tano mlangoni. Mwenye kibanda alichomeka flashi ya mdogo wake akidhani ina picha ya Kihindi. Kumbe ni tembo. Saa nzima ya tembo, na mzungu anasimulia Kiingereza cha puani.

Nilitarajia watu wadai mia tano zao. Hakuinuka mtu. Mwenye kibanda aliona aibu, akapunguza sauti ili atafute flashi nyingine, na kimya hicho kikajazwa na mzee mmoja aliyewahi kuwa kibarua wa kufyeka barabara za hifadhini. "Huyo jike ndiye mkubwa wao. Mwangalie masikio, ameshasikia kitu." Utingo wa lori la mbao akambishia, eti mkubwa ni yule mwenye pembe ndefu. Wakabishana. Mwingine akasema mahali pale pamechomwa moto wiki si nyingi, tazameni majani yanavyochipua. Ikafika ile picha ambayo kila filamu ya tembo lazima iwe nayo: jua linazama, vumbi jekundu, kundi linatembea taratibu kuelekea upeo wa macho, muziki unapanda. Hapo mama mmoja aliyekuwa na ndoo ya mahindi ya kuchemsha, mwenyeji wa Ruhembe, akauliza kwa sauti: "Sasa jioni yote hiyo wanakwenda wapi?" Akajijibu mwenyewe kabla hatujamjibu. "Wanakuja kwetu."

Kibanda kizima kilicheka, lakini si cheko la furaha. Saa ambayo mpiga picha aliona ndiyo nzuri kuliko zote, kwa mama yule ndiyo saa ya kubeba debe na tochi kwenda kulinda shamba. Nimesoma uhakiki mwingi wa filamu za wanyamapori, na sijasoma uliokwenda ndani kwa haraka namna hiyo.

Kuna kisa ambacho wasomi wa sinema wanakipenda. Kilisimuliwa na John Wilson, msomi wa London, na Marshall McLuhan akakieneza katika kitabu chake cha mwaka 1962, The Gutenberg Galaxy. Bwana afya mmoja alitengeneza filamu fupi, ya taratibu sana, kuwafundisha wanakijiji wa Kiafrika namna ya kuondoa maji yaliyotuama karibu na nyumba. Wakaoneshwa watu kama thelathini. Walipoulizwa wameona nini, wakasema: kuku. Waliotengeneza filamu hawakujua kama ndani yake kuna kuku. Ikabidi warudi waipitie picha moja moja, wakamkuta kweli, ametishwa na kitu, anakatiza pembeni chini kwa muda wa kama sekunde moja.

Kisa hiki husimuliwa kuonesha kwamba Mwafrika wa kijijini hajui kutazama filamu. Mimi nakisoma kinyume. Ndani ya filamu ile kila kitu kilikuwa kimepangwa: mtu kapangwa, kopo limepangwa, hata maji yametuamishwa kwa makusudi. Kitu kimoja tu hakikupangwa na mtu, yule kuku, nacho ndicho walichokiona. Mwenye macho ya kuona lisilopangwa ndiye mtazamaji wa dokumentari hasa. (Tena kuku ni mali. Mtu akimtisha kuku wako, utaacha kuangalia?)

Waingereza walikwisha kuchukua funzo lao wenyewe kuhusu mtazamaji huyo. Colonial Film Unit, kitengo chao cha filamu za makoloni, ilipoanzishwa mwaka 1939 chini ya William Sellers, ilifuata imani kwamba Mwafrika apewe picha za polepole, nyepesi, zisizo na mbwembwe za kamera, akili yake isije ikachoka. Imani ile na hii ya mezani Dar es Salaam ni ndugu wa tumbo moja. Tofauti ni kwamba Sellers alisema hawaelewi, sisi tunasema hawapendi. Mtazamaji ndiye anayelaumiwa kote kuwili.

Na tuwape wakoloni haki yao katika jambo moja. Kati ya mwaka 1935 na 1937, pale Vugiri, milimani Usambara, Meja Notcutt na wenzake waliendesha mradi uliotoa filamu 35: kodi, kuweka akiba posta, minyoo, mmomonyoko wa udongo. Filamu za kufundisha adabu, nyingi zake. Lakini walitia sauti ya lugha za wenyeji, wakapakia mitambo kwenye lori, wakaifuata barabara ya vumbi mpaka kijijini. Baada ya Uhuru magari ya sinema yaliendelea kuzunguka, na mwaka 1968 serikali ikaunda Tanzania Film Company. Wazee wa Kilosa ukiwatajia habari hiyo bado wanakuonesha kwa mikono jinsi shuka jeupe lilivyofungwa na watoto walivyokaa upande wa nyuma wa picha, wakisoma maandishi kinyumenyume. Watu walijaa. Hakuna aliyewauliza kama wanapenda dokumentari.

Leo lori halipo; kilichopo ni kamera. Mikumi imekuwa hifadhi ya taifa tangu mwaka 1964, kilomita za mraba 3,230, na barabara kuu ya kwenda Zambia inaipasua kwa takriban kilomita 50. Mbele ya twiga wa pale zimeinuliwa kamera zisizo na idadi. Kamera hupita, picha huondoka. Desturi hii ina umri mkubwa: filamu ambayo Bernhard Grzimek na mwanawe Michael waliipiga Serengeti ilitoka mwaka 1959, ikapata tuzo ya Oscar mwaka uliofuata, na dunia ikajifunza kuona nchi yetu kama mbuga pana yenye wanyama wengi na watu wachache, wale wachache wenyewe wakiwa kero. Filamu za leo zina rangi nzuri zaidi. Yule mama wa ndoo bado hayumo.

Filamu za watu, zisizo za wanyama, nazo zina yao. Miaka kadhaa nyuma nilikodiwa kuwa mkalimani wa kikundi kimoja cha filamu, jina nitalihifadhi, kilichokuja vijijini Kilosa kupiga filamu kuhusu ugomvi wa wakulima na wafugaji. Kilosa si mahali pa kuchezea mada hiyo. Desemba 2000 watu 38 waliuawa Rudewa Mbuyuni, na wapo wanaoishi wakikumbuka majina yote. Mzee mmoja mfugaji alizungumza saa mbili chini ya mkwaju. Kilichomkaa moyoni, alichokirudia mara tatu, ni habari ya jirani yake mkulima aliyemfichia ndama wakati wa vurugu. Alipomaliza akauliza: "Na sisi tutaiona lini?" Akaambiwa, tutawaletea.

Hawakuleta. Ilioneshwa ukumbini kwenye hoteli, ikaenda ng'ambo. Mimi nilitumiwa kwa barua pepe, nikaipeleka mwenyewe ndani ya simu. Mzee akainama kwenye kioo cha inchi sita. Alikuwemo kwa muda wa kumeza mate mara mbili, sauti yake imefunikwa na sauti ya Kiingereza. Jirani na ndama hawakuwemo, kwa sababu filamu ilihitaji pande mbili zinazochukiana. Mzee akanirudishia simu. "Hii ya kwao," alisema. Hakuwa na hasira. Sasa mtu huyo kesho umwambie hapendi dokumentari!

Dokumentari yetu, tuseme ukweli, kwa sehemu kubwa si tasnia. Ni idara ya miradi. Mteja ni mfadhili au ofisi, naye anataka dakika kumi zenye nembo mwishoni, mtoto anayenawa mikono na mama anayeshukuru. Mtazamaji hayumo kwenye bajeti. Hata zile zilizo kazi kweli huishia njiani. Flora M'mbugu-Schelling alitengeneza These Hands mwaka 1992, akina mama wanaponda kokoto pale Kunduchi, karibu bila msimulizi, mikono na nyundo na nyimbo zao. Ni kazi ya kiwango cha juu kabisa. Msambazaji wake alikuwa San Francisco. Kutoka Kunduchi mpaka Kariakoo ni safari ya daladala, lakini filamu ile ilifika California kwanza.

Darwin's Nightmare nayo, ya Hubert Sauper, ya mwaka 2004, kuhusu sangara wa Mwanza: mwaka 2006 Rais Kikwete aliikemea hadharani, watu wakaandamana, ikazungumzwa nchi nzima, na kwa wengi kelele za filamu zilifika kabla ya filamu. Ilistahili kupingwa au haikustahili? Wavuvi wa Mwanza wangeweza kutuambia, kama wangeketishwa mbele yake kwanza.

Ataibuka mtu aniambie soko ndilo linaloamua. Vizuri, twende sokoni. Panda bodaboda kutoka stendi ya Kilosa, msikilize dereva ana nini masikioni. Mara nyingi si muziki. Ni The Story Book ya Wasafi, au makala za Denis Mpagaze na Ananias Edgar: vita vya kale, majasusi, viongozi waliopinduliwa, kwa Kiswahili, dakika arobaini bila ngumi hata moja. Picha nyingine katika aina hiyo ya kazi ni za kuokoteza, na ukweli wake mara nyingine unahitaji kuchujwa. Lakini hamu ipo, tena inalipiwa kwa bando la mtu mwenyewe. Lufufu alipokuwa akizitia Kiswahili filamu za Kihindi na Kichina alijua jambo ambalo vyuo vya filamu havijalifundisha: Mswahili hapendi kuachwa peke yake na picha. Anataka msimulizi, na akikosekana, kama ule usiku wa Mikumi, atainuka mmoja miongoni mwao ashike kazi. Azam wametia sauti za Kiswahili kwenye tamthilia za Kituruki, na bibi zetu sasa wanajua fitina za makasri ya Istanbul. Anayesema kumtia tembo Kiswahili ni gharama mno hajasema kweli. Hajataka tu.

Nakubali upande mmoja: dokumentari nyingi zinachosha. Zinachosha kweli, hata mimi nasinzia. Ila mkate ukiungua, hatusemi watu hawapendi mkate.

Sheria ingesaidia, na tulishafika karibu. Marekebisho ya mwaka 2019 yaliwataka wageni wanaopiga filamu nchini wakabidhi kwa Bodi ya Filamu picha walizopiga pamoja na nakala ya kazi iliyokamilika. Sawa. Kwa hiyo nakala inarudi Tanzania, inafika ofisini. Ongezeni sharti moja: filamu iliyopigwa Mikumi ioneshwe Mikumi, kwa Kiswahili, kabla faili la kibali halijafungwa. Si tamasha, si mgeni rasmi, si fulana. Projekta, jenereta, shuka. ZIFF, tamasha la filamu huko Zanzibar, tangu miaka yake ya mwanzo haikuishia Ngome Kongwe. Imepeleka maonesho mpaka vijijini, na vijiji havikuzomea. Filamu ya Tanzania: The Royal Tour ilizinduliwa New York tarehe 18 Aprili 2022, kisha Los Angeles, ndipo ikaja Arusha, Zanzibar na Dar es Salaam. Ilimlenga mtalii, sina ugomvi nayo. Naangalia tu msafara wa magari ulivyopangwa, na Kilosa hata kwenye gari la mwisho hatumo.

Na wapigaji waanze kutoka hapahapa. Huko Kenya, mkulima wa Kitui aitwaye Kisilu Musya alishika kamera akajipiga mwenyewe na ukame wake kwa miaka, pamoja na Julia Dahr, ikatoka Thank You for the Rain mwaka 2017. Kilosa ina mto Mkondoa uliofurika mwishoni mwa mwaka 2009 ukang'oa reli na nyumba. Ina mashamba ya mkonge yaliyobaki na majina tu. Ina mahandaki ya treni ya umeme, na vijiji vinavyoiona ikipita kasi bila kusimama. Hakuna kati ya hayo linalohitaji kutafutiwa mtazamaji.

Mwenye kibanda wa Mikumi alinipigia wiki mbili baada ya usiku ule. Ile ya tembo ameionesha tena mara mbili, yule mzee akisimulia kwa chai na maandazi, na ubaoni ameiandika kwa chaki juu ya mechi ya Jumamosi. Sasa watu wanadai nyingine, lakini wametoa sharti. Wanataka ile ambayo tembo wameshafika shambani.