Kabla ya Kusema "Ndiyo Asili", Mtazame Hua



Katika semina za ubatizo, katika mikutano ya Jumuiya Ndogo Ndogo, hata katika mazungumzo ya kawaida baada ya Misa, kuna jibu moja ambalo wanaume wengi hulitoa haraka wanapoulizwa kwa nini hawaonekani pale panapohusu watoto wadogo: "Kulea ni kazi ya mama. Ndiyo asili." Jibu hilo hutolewa kwa utulivu, kana kwamba shauri limekwisha na hakuna la kuongeza.

Mimi ni frateri wa falsafa, na "asili" ni neno tunalolisikia darasani karibu kila siku. Mafundisho ya Kanisa juu ya ndoa na maadili yanalitegemea sana. Kwa sababu hiyo naona tuna wajibu wa kulilinda lisigeuzwe kuwa kisingizio. Hoja yangu ni fupi: anayeiita asili iwe shahidi wake, aiache iseme yote inayoyajua. Leo naomba tumsikilize shahidi mmoja mdogo, naye ni hua.

Hua ni wa jamii ya njiwa, pamoja na tetere, pugi na ninga. Miongoni mwa waliochunguzwa sana na wataalamu ni hua wa Amerika ya Kaskazini, Zenaida macroura, ambaye wenyeji wa huko humwita hua mwombolezaji. Ni ndege wa rangi ya kijivu na hudhurungi, mwenye mkia mrefu uliochongoka, na uzito wake ni kama gramu 120. Anapatikana kuanzia kusini mwa Kanada hadi Amerika ya Kati. Huku kwetu Afrika yupo hua mwingine aliyepewa jina hilohilo la maombolezo, Streptopelia decipiens, anayependa sehemu kavu zenye migunga na zisizo mbali na maji. Hawa si ndege wa aina moja, lakini ni wa ukoo mmoja, na mambo makuu mawili nitakayoyaeleza, yaani kuatamia kwa zamu na namna ya kulisha makinda, ni ya ukoo mzima. Anayefuga njiwa nyumbani anaweza kuyahakikisha kwa macho yake.

Tuanze na jina lenyewe. Watu wa kila zama wamesikia kilio katika sauti ya hua. Katika kitabu cha Isaya, Mfalme Hezekia anaeleza mateso ya ugonjwa wake kwa kujifananisha na hua anayelia. Lakini ule mlio wa hua wa Marekani, unaoonekana kuwa wa huzuni kuliko yote, hauna msiba ndani yake. Kwa sehemu kubwa ni dume anayemwita jike. Sisi tumesikia matanga, kumbe ni posa. Hilo peke yake litufundishe kutokuwa wepesi wa kuyasemea maumbile kabla ya kuyatazama.

Posa ikikubaliwa, kazi ya kujenga huanza. Dume huleta vijiti kimoja kimoja, na mara nyingi husimama juu ya mgongo wa jike anapomkabidhi. Jike hupokea na kupanga. Kiota chenyewe si cha kujivunia: ni vijiti vichache vilivyolazwa ovyo, vyembamba kiasi kwamba aliye chini ya mti anaweza kuyaona mayai kupitia sakafu yake. Upepo mkali hukiangusha, na kunguru na nyoka hukifikia kwa urahisi. Jike hutaga mayai mawili meupe, basi.

Kisha huja zamu. Kwa muda wa siku 14 hivi, mayai hayo karibu hayaachwi wazi hata kidogo. Dume huyalalia kuanzia asubuhi hadi jioni inapokaribia. Jike huchukua zamu kuanzia hapo, usiku kucha, hadi asubuhi ya pili. Jambo hili si ugunduzi mpya. Aristotle, zaidi ya miaka 300 kabla ya Kristo, aliandika kwamba katika jamii ya njiwa dume na jike hupokezana kuatamia. Wapishi wa jikoni na walinzi wa getini wanajua maana ya zamu: mwenzako asipofika, wewe huwezi kuondoka.

Makinda yakianguliwa, hutokea jambo ambalo ndilo lililonifanya niandike makala hii. Hua huwanyonyesha watoto wake, tukiruhusu neno hilo litumike kwa mapana. Ndege wa jamii hii wana gole, ule mfuko wa shingoni ambamo punje huhifadhiwa kabla ya kusagwa. Siku za kuangua zinapokaribia, ukuta wa ndani wa gole huanza kunenepa na kutoa chembe zilizojaa protini na mafuta, mfano wa jibini laini. Kinda huingiza mdomo wake ndani ya mdomo wa mzazi na kulishwa. Kwa siku tatu nne za mwanzo hicho ndicho chakula chake pekee, kisha punje huongezwa kidogo kidogo. Wataalamu wanakiita maziwa ya gole. Na maziwa hayo hutoka kwa mama na kwa baba pia.

Daktari wa upasuaji John Hunter aliyaeleza maziwa haya kitaalamu huko Uingereza mwaka 1786. Baadaye, katika miaka ya 1930, wanasayansi waliitambua homoni inayoyaamsha, prolaktini. Ndiyo homoni ileile inayomwezesha mama wa kibinadamu kupata maziwa ya kumnyonyesha mtoto wake. Katika ukoo wa njiwa, Muumba ameiweka ifanye kazi hiyo katika mwili wa dume pia.

Makinda huondoka kiotani yakiwa na umri wa takriban wiki mbili, lakini bado hayajui kujitegemea. Hapo mara nyingi ni baba anayeendelea kuyalisha, wakati mama anajiandaa kutaga tena. Katika maeneo yenye joto jozi moja inaweza kuangua hadi mara sita kwa mwaka. Inabidi iwe hivyo, kwa kuwa viota vingi huharibika na hua wengi hawafikishi miaka miwili, ingawa mmoja aliyevishwa pete ya utambulisho katika jimbo la Georgia mwaka 1968 alipatikana Florida mwaka 1998, akiwa amezidi miaka 30. Wawindaji wa Marekani huwaua hua kwa mamilioni kila mwaka, na bado ukoo unaendelea. Mayai mawili, kiota hafifu, maadui kila upande. Kinachouvusha ukoo huu ni kwamba una mayai machache yenye walezi wawili, na wanaanza upya kila wanapopoteza.

Sasa turudi darasani. Mtakatifu Tomaso wa Akwino, katika Summa contra Gentiles, kitabu cha tatu, sura ya 122, anajiuliza kwa nini mwanamume anapaswa kubaki na mwanamke baada ya mtoto kupatikana. Anaanza na wanyama. Kuna wanyama, anasema, ambao jike peke yake anatosha kulea, kama mbwa, na hao dume hakai. Lakini kwa ndege jike peke yake hatoshi, kwa sababu ndege hawanyonyeshi. Inabidi chakula kitafutwe mbali na wakati huohuo watoto watiwe joto. Ndiyo maana dume hubaki. Kisha anapanda hatua moja zaidi: kwa binadamu mtoto anahitaji chakula, tena anahitaji kufundishwa na kurekebishwa kwa miaka mingi, basi baba anatakiwa kubaki kwa muda mrefu kuliko ndege yeyote. Hata mwanamke tajiri anayeweza kumlisha mtoto peke yake, Tomaso anasema, haibadilishi kanuni hiyo, kwa sababu kanuni inatokana na mahitaji ya wanadamu wote, si hali ya mtu mmoja.

Yapo katika sura hiyo maneno juu ya akili ya wanawake ambayo leo hatuwezi kuyarudia. Na juu ya hua, mwalimu wetu hakuwa na habari kamili: yuko ndege anayenyonyesha. Lakini tazama habari hiyo inaipeleka hoja yake upande gani. Kama maziwa ndiyo yangemfanya dume aone kazi imekwisha, dume wa hua angekuwa wa kwanza kuondoka, maana maziwa yapo. Badala ya kuondoka, anayatoa yeye mwenyewe. Hoja ya Tomaso haikuvunjika, imepata nguvu. Yeye mwenyewe anafundisha katika kitabu cha pili cha kazi hiyohiyo kwamba kukosea juu ya viumbe kunaweza kutufikisha kwenye kukosea juu ya Mungu. Kwa hiyo kumsahihisha kwa kutazama vizuri zaidi ni kumfuata.

Najua ndugu msomaji atauliza: je, tuishi kama ndege? Hapana. Hua hana nadhiri wala dhamiri. Akisumbuliwa sana kiotani mwanzoni, anaweza kuyaacha mayai na kwenda zake. Mwenzake akifa, atatafuta mwingine. Nabii Hosea alipotaka kuwakemea Waefraimu kwa upumbavu wao, alimtumia njiwa. Mtu anayetaka kujenga maadili kwa kuiga wanyama atajikuta leo anamsifu hua na kesho anamtetea jogoo, ambaye hajui hata mayai yake yako wapi. Hua hathibitishi kwamba baba lazima alee. Wajibu huo unatoka kwenye akili, kwenye ahadi aliyoitoa mbele ya altare, na kwenye haki ya mtoto. Anachofanya hua ni kuondoa kisingizio. Kuanzia leo, anayesema kwamba maumbile yenyewe yamemwondoa baba kwenye malezi, atafute shahidi mwingine.

Kuna pingamizi la pili, nalo ni zito zaidi. Baba wengi hawapo kwa sababu wametoka kutafuta. Yuko machimboni, yuko ziwani, yuko mjini anaendesha bodaboda, na fedha anayotuma ndiyo ada na ndiyo unga. Huyo simlaumu. Naye yuko kwenye zamu, ingawa zamu yake iko mbali. Ninayemzungumzia ni baba aliye nyumbani ambaye hayuko: anayelala nyumba moja na mwanawe lakini hajui amefika darasa la ngapi, anayesikia mtoto ana homa na kumwambia mama mtu, "Mpeleke", anayejitokeza siku ya Komunyo ya Kwanza akiwa na suti, huku mafundisho ya miaka miwili yote yalikuwa juu ya mama na katekista.

Na wako kina mama ambao hawana wa kupokezana naye, wajane na walioachwa. Kwa hua, mzazi mmoja akifa makinda yakiwa machanga kabisa, ni vigumu kiota kupona. Sisi hatuko hivyo, kwa kuwa tuna wajomba na baba wadogo, tuna wasimamizi wa ubatizo, tuna jumuiya. Lakini tujiulize kwa ukweli: msimamizi wa ubatizo katika parokia zetu anafanya nini baada ya picha kupigwa? Hapa ndipo WAWATA wamebeba mzigo miaka mingi, na ndipo UWAKA wanaweza kuonekana zaidi.

Mimi napendekeza mambo matatu ya kawaida tu. Semina za ubatizo zipangwe siku na saa ambazo baba wanaweza kufika, kisha wadaiwe kufika. Katika jumuiya, mtoto wa mjane awe na mwanamume anayejulikana kwa jina, aliyekubali kumfuatilia shuleni na katika mafundisho. Na sisi mafrateri, tunapopelekwa parokiani kwa utume, tusikwepe darasa la watoto wadogo kwa kuona kwamba hilo ni la masista. Siku moja, Mungu akipenda, waamini watatuita "Baba". Jina hilo halitakuwa na maana kama tulijifunza falsafa ya ubaba bila kuwahi kumfunga mtoto kamba za viatu.

Mwinjili Luka anasimulia kwamba Mtoto Yesu alipopelekwa Hekaluni, sadaka iliyotolewa ilikuwa ile ya maskini wasiomudu mwanakondoo: hua wawili au makinda mawili ya njiwa. Luka hasemi kwamba Maria alikwenda. Anasema walikwenda. Mtakatifu Yosefu hakuwa baba kwa damu, na katika Injili zote hatuna neno hata moja lililotoka kinywani mwake. Lakini kila safari ya mtoto yule alikuwepo, kwenda Misri, kurudi Nazareti, kupanda Yerusalemu. Baba Mtakatifu Fransisko, katika barua yake Patris Corde ya tarehe 8 Desemba 2020, alifundisha kwa mfano wa Yosefu kwamba mtu huwa baba kwa kukubali kumtunza mtoto. Kumleta duniani peke yake hakutoshi.

Kwa hiyo, baba unayesoma haya, Jumapili hii baada ya Misa nenda kwa katekista wa mwanao. Muulize mtoto amefikia wapi katika mafundisho yake, na nini kinamshinda. Kisha jioni kaeni naye, mfanye somo hilo pamoja. Mama apumzike, ni zamu yako.