Jiwe Chini ya Gurudumu Si Breki

Katika miji iliyojengwa milimani, kama Mwanza na Lushoto, gari linaloegeshwa mteremkoni aghalabu hufuatwa na jiwe. Dereva huingiza gia, huzima injini, na kabla hajashuka sawasawa abiria mmoja huwa amekwisha kusukumiza jiwe chini ya gurudumu la nyuma. Desturi hii imezoeleka kiasi kwamba haimshangazi mtu. Hata hivyo jiwe hilo ni ushahidi. Linasema kwamba ndani ya gari mna kifaa kilichokufa, na kwamba mwenye gari ameridhika kukizika bila kuuliza kilikufa kwa ugonjwa gani.

Kifaa hicho ni breki ya mkono, ambayo mafundi huiita hendibreki. Mara nyingi ugonjwa wake umo katika kebo, na kebo ni miongoni mwa sehemu za gari ambazo fundi wa kawaida anaweza kuzipima na kuzibadilisha kwa zana za kawaida. Kwa hiyo linalokosekana si ufundi mkubwa. Linalokosekana ni mazoea ya kuuliza chanzo cha hitilafu kabla ya kushika spana.

Kazi ya breki ya mkono

Breki ya mguu huendeshwa kwa mafuta yanayosukumwa ndani ya mabomba. Breki ya mkono katika magari mengi huendeshwa kwa kebo ya chuma inayovutwa na wenzo ulio kando ya dereva. Tofauti hiyo iliwekwa kwa makusudi. Bomba likipasuka na mafuta yakamwagika, kebo haihusiki. Njia moja ya kulisimamisha gari ikikatika, nyingine hubaki. Ni kweli kwamba breki ya mkono hushika magurudumu mawili tu, mara nyingi ya nyuma, na haiwezi kulisimamisha gari upesi kama breki ya mguu. Lakini katika dakika ambayo kanyagio limezama hadi sakafuni na gari linateremka, dereva hana kingine cha kushika. Hakuna awezaye kuweka jiwe chini ya gari linalokwenda.

Kuingiza gia nako hakutoshi. Gari lililozimwa likiwa ndani ya gia hushikiliwa na hewa inayobanwa ndani ya silinda za injini, na hewa hiyo huvuja polepole kupitia ringi na vali, hasa injini ikiwa imechoka. Ndiyo sababu gari lililoachwa katika gia huweza kusogea kidogo kidogo, bila mtu kuligusa.

Kanuni ya Umoja wa Mataifa namba 13-H, inayohusu breki za magari madogo, hudai kwamba breki ya kuegeshea iweze kulizuia gari lenye shehena yake kamili katika mteremko wa asilimia 20, na kwamba dereva asilazimike kuvuta wenzo kwa nguvu inayozidi nyutoni 400, yaani karibu sawa na kuinua kilo 40. Mteremko huo hushuka mita 1 kwa kila mita 5 za mlalo. Gari la kilo 1,200 likisimama hapo huvutwa kuelekea bondeni kwa nguvu inayokaribia uzito wa kilo 235. Mzigo huo wote hubebwa na nyuzi za chuma ambazo unene wake haufiki ule wa kidole.

Namna kebo inavyoharibika

Kebo ya namna hii, yenye nyuzi za chuma zinazoteleza ndani ya ala, hujulikana kwa jina la Ernest Monnington Bowden, aliyepata hataza yake Uingereza mwaka 1896. Uzuri wake ni kwamba huweza kupinda na bado ikapeleka nguvu ya mvuto kutoka mahali hadi mahali. Lakini kila inapopinda hutozwa ushuru, na ushuru huo ni msuguano.

Mabaharia wa pwani wanaifahamu kanuni hii, japo hawaiandiki kwa hesabu. Baharia akizungusha kamba ya jahazi mara mbili tatu kwenye nguzo ya gati, mkono wake mmoja hulizuia jahazi zima. Msuguano haujumlishwi tu kadiri kamba inavyozunguka, huzidishwa. Mwanahisabati Euler aliichambua kanuni hiyo katika karne ya 18. Kinachomsaidia baharia ndicho kinachomdhulumu dereva, kwa sababu ndani ya ala kebo nayo huzunguka kona, na kila kona hula sehemu ya nguvu aliyoituma.

Ichukuliwe kwamba kona zote za kebo zikijumlishwa hufikia nusu duara. Kebo ikiwa safi na kiwango cha msuguano kikiwa 0.1, kati ya kila kilo 100 za nguvu zinazovutwa upande wa dereva, kilo 73 hivi hufika gurudumuni. Kutu ikiingia na kiwango hicho kikapanda hadi 0.3, hufika kilo 39 tu. Dereva amevuta kwa nguvu ile ile na kusikia mlio ule ule wa meno ya wenzo, lakini karibu nusu ya breki yake imepotea njiani bila ishara yoyote ya nje.

Kutu huanzia mahali padogo. Ngozi ya plastiki ya ala huchubuliwa na jiwe, huunguzwa na bomba la moshi lililo karibu, au hupasuka kwa uzee. Maji na vumbi huingia, na kwa kuwa kutu huchukua nafasi inayozidi mara mbili ile ya chuma iliyokila, nafasi iliyokuwa ya kutelezea hujaa. Chumvi huharakisha kazi hiyo. Magari ya pwani hupata chumvi kutoka baharini. Na mengi ya magari yanayonunuliwa Afrika Mashariki yakiwa yametumika Japani huenda yalipita majira ya baridi katika barabara zinazomwagiwa chumvi ili kuyeyusha barafu. Gari linaweza kung'aa juu na huku chini ya sakafu kebo yake imekwisha kuoza.

Kuuliza kabla ya kukaza

Hapa ndipo penye kosa kubwa la gereji nyingi. Mwenye gari hulalamika kwamba breki ya mkono haishiki, naye fundi huenda moja kwa moja kwenye nati ya kurekebishia iliyo karibu na wenzo, huikaza mizunguko kadhaa, na gari huondoka likishika. Kazi imechukua dakika tano na wote wameridhika. Kumbe ugonjwa umefunikwa blanketi.

Kebo nzima ya chuma hairefuki sana ikisha kuzoea kazi. Wenzo ukipanda juu mno, mara nyingi kilichopungua ni viatu vya breki ndani ya dramu, au kirekebishi cha viatu kimekwama. Nati ikikazwa ili kuficha upungufu huo, viatu huanza kugusa dramu hata breki ikiwa imelegezwa. Gurudumu hupata moto, petroli huliwa bure, na joto likizidi mafuta ya breki huweza kuchemka, hata breki ya mguu nayo ikadhoofika. Zaidi ya hayo, kebo iliyovutwa muda wote hukizuia kirekebishi kurudi mahali pake na kufanya kazi yake. Hivyo dawa huwa mbaya kuliko maradhi.

Breki ya mkono hujieleza yenyewe kwa anayeisikiliza. Katika magari mengi ya wenzo, breki njema hushika baada ya meno kati ya 4 na 8. Kitabu cha gari hutaja idadi kamili. Wenzo ukipanda meno mengi, viatu vikaguliwe kwanza. Ukipanda mwepesi, bila ukinzani wowote, kebo imekatika au imechomoka. Ukiwa mgumu, na gurudumu likabaki limeshikwa baada ya kulegezwa, kebo imeganda ndani ya ala. Hii ya mwisho ndiyo hutangulia mara nyingi, kwani kebo huvutwa na mkono wenye nguvu lakini hurudishwa na springi tu, na springi haiwezi kuishinda kutu.

Uchunguzi wenyewe hauhitaji mtambo. Gari huwekwa mahali tambarare, magurudumu ya mbele huzuiwa kwa kabari, sehemu ya nyuma huinuliwa na kuegemezwa juu ya stendi imara. Jeki peke yake haifai, na hakuna kazi inayostahili kuingiwa chini ya gari lililoshikiliwa na jeki tu. Wenzo ukiwa chini, kila gurudumu lizunguke huru. Kisha wenzo uvutwe jino baada ya jino: magurudumu yote mawili yaanze kuwa mazito kwa pamoja. Moja likiwahi na jingine likichelewa, mtu atazame chini ya sakafu, penye kipande cha chuma kinachogawa nguvu kwa kebo mbili za nyuma. Kipande hicho hufanya kazi kama mti wa mzega begani: mizigo ikiwa sawa hukaa sawa. Kikilala upande mmoja wenzo unapovutwa, kebo mojawapo imekwama au kiatu cha upande mmoja kimekwisha. Jibu hupatikana kwa kuifungua kebo na kuivuta kwa mkono. Kebo nzima huteleza kwa ulaini. Iliyokufa hukwaruza au haisogei kabisa.

Kubadilisha kebo

Kebo iliyoganda, au iliyoanza kukatika nyuzi, haitengenezwi. Mafuta yanayomiminwa ndani ya ala huweza kuilainisha kwa muda, lakini hayarudishi chuma kilicholiwa. Kuunganisha kwa kuchomelea ni hatari, kwa sababu moto huondoa ugumu ambao nyuzi zilipewa kiwandani. Kebo hiyo hukatika siku inapohitajiwa zaidi.

Katika gari lenye dramu nyuma, kama Corolla nyingi za miaka ya 1990, nati ya kurekebishia hulegezwa kwanza, kebo ikafunguliwa penye mzega na kwenye vishikizo vyake chini ya sakafu. Dramu hutolewa, na viatu hulegezwa hadi ncha ya kebo ichomoke. Vumbi lililomo ndani ya dramu lisipulizwe kwa mdomo wala kwa hewa ya mashine. Viatu vya zamani vilitengenezwa kwa asbesto, ambayo huleta maradhi ya mapafu yasiyopona. Lifutwe kwa kitambaa chenye maji. Mwisho wa ala hushikwa na klipu yenye meno nyuma ya gurudumu; meno hayo yakibanwa kwa pamoja, kebo hutoka.

Kebo mpya ilazwe kando ya ile ya zamani na kulinganishwa urefu na ncha. Ipitishwe njia ile ile, mbali na bomba la moshi, bila kona kali, kwani kila kona ni ushuru. Kisha kuna utaratibu usiopaswa kugeuzwa: viatu hurekebishwa kwanza, kanyagio la mguu hukanyagwa mara kadhaa ili viatu vikae, na nati ya kebo huwa ya mwisho. Wenzo uvutwe kwa nguvu mara chache ili kebo ijikalishe, meno yahesabiwe upya, na magurudumu yajaribiwe tena kama yanazunguka huru. Kazi isiyojaribiwa haijakwisha.

Hoja ya gharama

Watakuwepo wasemao kwamba jiwe halina gharama na limetumika miaka yote. Jiwe kama nyongeza ni busara. Hata gari zima likiegeshwa penye mteremko mkali halidhuriki kwa kuwekewa kabari. Kosa ni kulifanya jiwe kuwa badala. Tena si kweli kwamba halina gharama. Madereva wengi huondoka na kuliacha katikati ya njia, na usiku gharama yake hulipwa na mwendesha baiskeli au pikipiki ambaye hakuliweka.

Wengine watasema kwamba mambo haya yanapitwa na wakati, kwa kuwa magari mapya kadhaa huvuta breki hii kwa mota ya umeme. Lakini magari ya kebo yatakuwa barabarani kwa miaka mingi, na mengi yatatumika hadi yachakae kabisa. Nchi inayoendesha magari yaliyozeeka inahitaji elimu ya magari yaliyozeeka.

Hapana budi basi ukaguzi wa gari, uwe wa askari au wa gereji, uhesabu meno ya breki ya mkono na kulijaribu gari mteremkoni, usiridhike na kuona kwamba wenzo upo. Vyuo vya ufundi navyo vimfundishe kijana kueleza kwa maneno kwa nini breki haishiki kabla hajaruhusiwa kuigusa. Mwenye gari naye ana sehemu yake: anapoambiwa kwamba breki imekazwa, aulize ilikuwa imelegea kwa sababu gani. Fundi aliyechunguza atajibu kwa sentensi moja. Asiyechunguza atasema kwamba sasa inashika, na huyo amepunguza kelele tu. Hatari bado imo ndani ya gari, pamoja na watoto waliokaa kiti cha nyuma.